Baba wa Jina

Aliye ng'ambo hungoja siku ya kushuka kwao na kuwakuta wazee wake wangali hai. Abdulrazak Gurnah, mzaliwa wa Unguja wa mwaka 1948, aliipata siku hiyo mwaka 1984, akamuona baba yake muda mfupi kabla mzee hajafariki. Katika riwaya yake By the Sea (2001), mhusika wake Latif hakujaaliwa bahati hiyo.

Mzee Saleh Omar anaingia Uingereza kuomba hifadhi kwa jina lisilo lake. Amejiita Rajab Shaaban Mahmud, jina la marehemu hasimu wake. Latif, mwana wa hasimu huyo, mwalimu wa chuo kikuu London, anaombwa amkalimanie mzee mgeni, na ndipo anapolisikia jina la baba yake. Anamfuata hadi mji mdogo wa pwani, kwenye bahari ya baridi isiyofanana na ya kwao.

Naona uzito wa kitabu umo humu. Katika Admiring Silence (1996), Gurnah alimrudisha mwana kwa mama yake mzazi baada ya miaka ishirini, na mwana yule akakaa siku nyingi asiweze kumwambia kwamba ana mwanamke na binti Uingereza. Heshima ilimfunga kinywa. Latif hana heshima ya kumlindia Saleh. Anamdai hesabu ya nyumba iliyopotea na ya meza ndogo ya mpingo aliyotumwa utotoni kwenda kuiomba, akarudi mikono mitupu. Mzee naye hujibu, mara nyengine kwa kujitetea mno, lakini hujibu. Tenzi zetu zimetuzoesha mzazi anene na mwana asikilize, kama Mwana Kupona alivyomuusia binti yake mwaka 1858. Hapa mwana anauliza, na mzee hana ruhusa ya kumnyamazisha kwa kuwa si baba yake. Tena Saleh mwenyewe alifiwa na binti yake alipokuwa kifungoni. Anamsikiliza kijana huyu kwa kiu ambayo hathubutu kuitaja.

Nina lawama moja. Salha, mkewe Saleh, na mama yake Latif wanasemewa na wanaume hawa wawili hadi ukurasa wa mwisho. Ningependa kumsikia mama huyo akieleza, kwa kinywa chake, miaka yake ya kumngoja mwana asiyerudi.