Wapima Nyayo

Sutton Park, kaskazini mwa Birmingham, ni hekta zipatazo 970 za msitu, mabwawa na uwanda wa vichaka vifupi vyenye maua ya zambarau. Kwa hati ya mwaka 1528, Mfalme Henry VIII aliwapa wakazi wa Sutton Coldfield ardhi hiyo baada ya Askofu John Vesey kuwaombea. Hadi leo watu humiminika humo kutembea, kuendesha baiskeli na kuwakimbiza mbwa wao. Wote hao wanakanyaga. Wanaharibu kiasi gani? Kulijibu swali hilo kunataka ufundi ninaouheshimu sana.

David Cole wa Marekani na Neil Bayfield wa Scotland waliuandikia utaratibu mwaka 1993. Mpimaji hutafuta mahali pasipopitwa, akapigilia vigingi na kutenga vijia vya upana wa nusu mita na urefu wa mita moja na nusu. Kimoja hupitwa mara 25, kingine 75, kingine 200, kingine 500, kwa buti na mwendo wa kawaida. Kisha hupiga magoti. Huweka fremu ya sentimita 30 kwa 50, akakadiria kila mmea umefunika asilimia ngapi ya ardhi, udongo mtupu ni kiasi gani, na majani yamebaki na kimo gani. Hurudi baada ya wiki mbili, na tena baada ya mwaka, kwani jani lililolala huenda likainuka, na shina lililoonekana zima likakauka.

Kinachonivutia zaidi ni kijia cha tano, kisichokanyagwa kabisa. Nacho hupimwa kwa uangalifu uleule, maana ukame na baridi pia huua majani, na fundi mwaminifu hawatwiki watembeaji kosa la jua.

Vipimo hivyo vimeonyesha kwamba madhara hayapandi sambamba na idadi ya watu. Nyayo za mwanzo ndizo zinazoumiza zaidi. Zinazofuata huongeza kidogo kidogo. Nyasi nyingi huchipukia karibu na udongo, hivyo huvumilia. Vichaka vya mashina magumu huvunjika, na kupona kwake huchukua miaka. Njia iliyokwishachakaa, basi, hubeba maelfu kwa hasara ndogo, lakini wachache wanaokwepa tope kando yake wanafungua jeraha jipya.

Ukienda Sutton Park siku ya mvua, au ukipanda Kilimanjaro, vaa buti nzuri upite katikati ya tope.