Mwanamke Asiyejitetea

Barbara Loden alitunga, akaongoza na kuigiza filamu moja tu ndefu maishani mwake, nayo ni "Wanda" ya mwaka 1970. Nakiri kwamba mara ya kwanza niliizima kabla haijafika nusu. Huyo Wanda alinikasirisha. Mumewe anadai talaka. Yeye anafika mahakamani kwa kuchelewa, rola zingali kichwani, kisha anamwambia hakimu kwamba ni heri watoto wakae na baba yao. Basi. Hakuna chozi wala utetezi.

Kilichonirudisha kwenye filamu hiyo si sifa za wahakiki, bali shangazi yangu. Naye aliwaacha wanawe kwa baba yao akaondoka na begi moja, na kwa miaka mingi ukoo wetu haukumtaja ila kwa kumlaumu. Mimi nilikuwa miongoni mwa waliolaumu. Nikajiuliza: hasira ile ilikuwa ya Wanda kweli?

Loden alizaliwa North Carolina, Marekani, mwaka 1932, akaenda New York angali msichana. Alipigwa picha za magazeti, akacheza dansi katika klabu ya usiku, akatokea kwenye televisheni. Elia Kazan, mwongozaji ambaye baadaye alimwoa, alimpa nafasi katika "Wild River" (1960) na "Splendor in the Grass" (1961). Mwaka 1964 alipata tuzo ya Tony kwa kuigiza katika tamthilia ya Arthur Miller, "After the Fall". Tuzo ni tuzo, lakini wanawake wote hao walikuwa wamebuniwa na wanaume. Alipoigiza katika "The Swimmer", sehemu yake iliondolewa na kuigizwa upya na mwingine.

Ndipo akatunga ya kwake. Alikuwa amesoma gazetini habari za mwanamke aliyeshiriki wizi wa benki, akahukumiwa kifungo cha miaka 20, naye akamshukuru hakimu. Wengi wangecheka na kufungua ukurasa mwingine. Loden alitaka kujua ni maisha ya namna gani yanayomfanya mtu auone ufungwa kuwa fadhila.

Alipiga filamu hiyo kwa fedha kidogo, kwa kamera ya milimita 16, akiwa na mpiga picha Nicholas Proferes na wasaidizi wachache mno. Mwanzoni tunamwona Wanda kwa mbali, nukta nyeupe ikivuka vilima vyeusi vya makaa ya mawe huko Pennsylvania. Kiwandani anaambiwa hashoni kwa kasi ya kutosha. Anasinzia ndani ya sinema, anaibiwa. Kisha anamfuata Bwana Dennis, mwizi anayemfokea na kumchagulia nguo za kuvaa. Mtunzi mwingine angetuletea kisa cha utotoni ili tumwonee huruma. Loden hatoi sababu wala hamwombei msamaha mtu wake. Anamwacha awepo tu, nasi tunalazimika kukaa naye.

Sisemi kwamba filamu haina kasoro. Mahali pengine sauti ni hafifu, na safari za garini zinarefuka. Lakini hata urefu huo una maana yake, kwani asiye na pa kwenda hana pia pa kuharakia.

"Wanda" ilipata tuzo Venice mwaka huohuo wa 1970, ila kwao Marekani ilionyeshwa katika sinema chache tu. Loden alifariki kwa saratani mwaka 1980, akiwa na umri wa miaka 48, bila kuongoza filamu ndefu nyingine. Mwaka 2017 Maktaba ya Bunge la Marekani iliiingiza "Wanda" katika orodha ya filamu zinazostahili kuhifadhiwa. Heshima ilikuja, mwenyewe hayupo.

Mwishoni Wanda ameketi baa katikati ya watu asiowajua, wakinywa na kucheka, naye kainamisha macho. Picha inasimama hapo. Safari hii sikuizima. Nilikumbuka kwamba katika miaka yote ile, kwenye harusi na misiba, shangazi yangu huketi vivyo hivyo, pembeni, na hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kumuuliza alipitia nini. Tulidhani tunajua.