Wakati wa Nani? Uhakiki wa Dini ya Mizani ya Wakati katika Thief of Time ya Terry Pratchett

Ikisiri

Makala haya yanahakiki dini ya kubuni ya Watawa wa Historia katika riwaya ya Thief of Time (2001). Hoja yake ni kwamba riwaya inafaulu kutofautisha mizani ya wakati na usahihi wa kimashine, lakini inaliacha wazi swali la haki: wakati unaohamishwa ni wa nani, na nani aliulizwa kabla ya kuhamishwa?

Utangulizi

Kiswahili kina misemo miwili inayokinzana kuhusu wakati. "Wakati ni ukuta" huuweka wakati nje ya uwezo wa binadamu. Anayepigana nao huumia mwenyewe. "Wakati ni mali" huufanya kitu cha kumilikiwa, kutunzwa na kupotezwa. Dini aliyoibuni mwandishi Mwingereza Terry Pratchett (1948–2015) inauchukua msemo wa pili kwa maana yake ya moja kwa moja. Katika Discworld, ulimwengu bapa unaobebwa na tembo wanne waliosimama juu ya kobe, wakati huhifadhiwa, huvutwa kwa mitambo na kupelekwa unakohitajika. Kazi hiyo ni ya watawa wa bonde la Oi Dong, wafuasi wa Wen, aliyefundisha kwamba ulimwengu huumbwa upya katika kila nukta. Watawa hao wamo pia katika Small Gods (1992) na Night Watch (2002), lakini ni Thief of Time inayoifafanua imani yao kwa upana.

Ibada ya matengenezo

Kiini cha dini hii ni kazi. Watawa huhudumia silinda zinazozunguka, ambazo jina lake la asili limejengwa juu ya dhana ya kuahirisha; kwa Kiswahili zingeweza kuitwa viahirishi. Kila kiahirishi hukusanya wakati na kuuachia, kama uzi kwenye kigurudumu chake. Shujaa wa dini ni mfagiaji, Lu-Tze, asiye na cheo lakini mwenye uzoefu kuliko wenye vyeo, na anayepita popote kwa sababu hakuna anayemwangalia mtu mwenye ufagio. Mkuu wa watawa ni mzee aliyezaliwa upya, ambaye kwa sasa ni mtoto mchanga anayechanganya maagizo ya hekima na kulilia biskuti. Nayo misahafu ya Lu-Tze ni maneno ya kila siku ya Bi. Cosmopilite, aliyempangisha chumba katika jiji la Ankh-Morpork.

Kejeli hapa inawalenga wale wa Magharibi wanaopanda milima ya Asia kutafuta hekima wasiyoiona kwa jirani zao. Hata hivyo, kejeli hiyo haimwachi mwandishi salama. Watawa wake wameshonwa kwa vitambaa vya taswira ambazo sinema na vitabu vya Magharibi vimezijenga kuhusu Ubudha, na riwaya huzicheka taswira hizo huku ikizitegemea.

Usahihi dhidi ya mizani

Maadui wa dini hii ni Wakaguzi, viumbe wanaouchukia uhai kwa kuwa hauna mpangilio. Kupitia wakala wao wanamwagiza fundi Jeremy Clockson atengeneze saa ya kioo itakayopima wakati bila kosa lolote. Saa hiyo ikianza kufanya kazi, wakati utanaswa na ulimwengu utasimama. Hapa ndipo riwaya ina nguvu zaidi. Historia ya Discworld iliwahi kuvunjika, na watawa wakaiunga kwa viraka visivyolingana. Ndiyo maana zama zake hazipatani. Mizani, kwa mtazamo huu, ni kiraka kinachoshika, na anayedai usahihi kamili anadai kifo.

Mfasiri wa Kiswahili angekutana na jambo la kuzingatiwa. Neno "saa" hubeba kwa pamoja chombo kinachopima na kipimo chenyewe. Kosa la Wakaguzi ni hilohilo: wanadhani kwamba anayemiliki chombo anamiliki kinachopimwa.

Wakati wa samaki

Je, watawa wenyewe wameliepuka kosa hilo? Wao huuchota wakati kutoka mahali unakodhaniwa kupotea bure, mfano mkuu ukiwa chini ya bahari, na kuupeleka mijini, ambako watu hulalamika kuwa hautoshi. Samaki, wanasema, anahitaji wakati wa nini? Swali hilo ni mzaha, na mzaha wenyewe ni mzuri. Lakini unachekesha kwa sababu msomaji amekwisha kukubali kwamba wakati wa baharini hauna thamani. Hakuna kikao kinachowasikiliza wanaochotewa. Katika Small Gods, Lu-Tze anatumwa kuiangalia historia tu, naye anaiingilia kwa huruma. Huruma ya mtu mmoja mwema, hata hivyo, haiwezi kuwa utaratibu.

Wanazuoni wa kanda hii wanalijua tatizo la kupimiwa wakati. John Mbiti, katika kitabu chake cha mwaka 1969 kuhusu dini na falsafa za Kiafrika, aliyatumia maneno ya Kiswahili "sasa" na "zamani" kueleza kwamba fikra za jadi za Kiafrika hazina wakati ujao wa mbali. Wahakiki wake walipinga jumla hiyo, na lugha aliyoyaazima maneno hayo ina kesho, kesho kutwa, mtondo na mtondogoo. Mbiti aliandika kwa heshima na kwa nia ya kuutetea urithi huo. Bado kipimo kimoja kiliwafunika watu wengi.

Hitimisho

Thief of Time inastahili kusomwa na wapangaji wa sera kwa sababu inawapa picha nzuri ya utumishi wa kimyakimya, kisha, pasipo kukusudia, inawaonyesha upofu wake. Mpango unaomtaka mkulima asubiri siku nzima ili ofisa wa mjini aokoe saa moja hufuata mantiki ya watawa: unaanza kwa kuamua ni wakati wa nani usio na kazi. Ufagio wa Lu-Tze unatosha kulisafisha hekalu. Mizani ya wakati inahitaji pia kwamba, kabla kiahirishi hakijazungushwa, anayechotewa aulizwe.