Joan Jonas na Runinga Isiyotulia

Aliyewahi kuwa na runinga ya chogo anaujua ule ugonjwa: picha inaanza kukimbia wima, mstari mweusi mnene unakata nyuso za watu, na mtu anainuka kuzungusha kitufe cha nyuma au kuitandika kibao. Mwaka 1972 Joan Jonas, msanii wa New York aliyesomea uchongaji, aliuacha ugonjwa huo uendelee kwa karibu dakika 20. Kazi hiyo ya video, ya nyeusi na nyeupe, inaitwa Vertical Roll.

Chanzo cha hitilafu ni hiki. Runinga za Marekani zilichora picha 30 kwa sekunde, kila picha ikiwa na mistari 525. Mchoro ukifika chini, ishara inaamuru mwale wa elektroni urudi juu kuanza upya. Kasi ya runinga ikipishana kidogo tu na ya ishara, picha hukosa pa kushika. Ndipo nafasi tupu kati ya picha na picha, ambayo siku zote imefichwa, inapojitokeza kama ule mstari mweusi.

Jonas alitumia kamera mbili. Ya kwanza ilimchukua akiigiza na kupeleka picha papo kwa papo kwenye runinga iliyovurugwa. Ya pili ilirekodi kioo cha runinga hiyo. Kamera ya pili haikukwepeka: hitilafu ilikuwa ndani ya runinga, kwa hiyo angerekodi ishara yenyewe, kanda ingetoka safi.

Hayo hata fundi wa mtaani angeyaweza. Uhodari uko kwenye mwili. Filamu ilisubiri kusafishwa maabara, lakini video ilimwonyesha Jonas picha yake wakati uleule, akaweza kupima mwendo wake kwa mwendo wa mstari. Tazama miguu: anaruka, na mstari unapita chini yake kama kamba ya watoto. Kijiko kinagongwa, kwa sauti kavu ya kuudhi (ndiyo, inaudhi), mpaka sikio linaamini mstari ndio unaogonga. Amevaa barakoa, amevaa vazi la mcheza dansi wa tumbo, vitu vya kumvuta mtazamaji, lakini kila jicho linapotaka kutulia juu yake, mstari unamfyeka.

Karibu na mwisho kichwa chake kinaingia kati ya runinga na kamera ya pili. Uso umetulia tuli. Nyuma yake picha bado inakimbia. Kwa tendo hilo moja mtambo wote unakuwa wazi.

Leo programu za uhariri zinaigiza hitilafu hii kwa kubofya mara moja, na video za muziki zimejaa mbwembwe hizo. Nyingi ni nyepesi, kwa sababu mwigizaji alishaondoka zamani ubovu ulipobandikwa. Wewe unayetaka kuijaribu mbinu hii, mweke mwigizaji mbele ya skrini inayoyumba, aione, aifuate au aikaidi, ndipo ubonyeze kitufe cha kurekodi.