Hukumu ya Waraka Usiosomwa

Picha za mkutano wa 28 Januari 1977 mmeziona, na waliozitazama kwa makini wanajua kwamba ubaya wake haukuwa hasa katika maneno yaliyosomwa, kwa kuwa maneno kama yale yalikuwa yakichapwa kila siku katika magazeti ya Prague. Ulikuwa katika mahali yaliposomewa na katika namna watu walivyoketishwa kuyasikiliza. Aliyeamua kwamba tamko la kuwalaani waliotia sahihi Mkataba wa 77, waraka wa kuidai serikali haki za binadamu, lisomwe katika Jumba la Tamthilia la Taifa, mbele ya waigizaji na waandishi waliojazwa vitini huku kamera ikiwapitia usoni, alitenda dhuluma ya kisiasa ambayo wanahistoria wameshaieleza. Walakini alitenda pia kosa la ufundi, kosa la mtu asiyejua tamthilia ni nini, na hilo ndilo shauri langu leo.

Msomaji mwenyewe, mwigizaji Jiřina Švorcová wa jumba la Vinohrady, alisoma vizuri: pumzi zilipangwa, matamshi safi, mkazo mahali pake.

Sasa litazameni jumba. Jiwe lake la msingi liliwekwa mwaka 1868, na fedha za kulijenga zilichangwa na Wacheki wenyewe, wakubwa kwa wadogo, enzi za utawala wa Vienna. Likafunguliwa Juni 1881, likaungua Agosti mwaka ule ule, watu wakachanga tena kwa haraka iliyowastaajabisha hata wao, nalo likafunguliwa mara ya pili tarehe 18 Novemba 1883. Juu ya jukwaa, pale ambapo jicho la kila aketiye hupanda kabla pazia halijainuliwa, yameandikwa maneno mawili ya Kicheki, *Národ sobě*, yaani taifa limejipa lenyewe. Maneno hayo ni sehemu ya mandhari ya kila mchezo uchezwao humo, apende mwongozaji asipende, na mwongozaji mwenye akili huyahesabu kabla hajaweka kiti kimoja jukwaani. Aliyeuandaa mkutano ule hakuyahesabu. Aliwaweka chini yake watu wa kalima na sanaa ili walaani wenzao, wana wa taifa lile lile, na maandishi yale yakabaki hapo juu saa nzima yakimsuta, kila mwenye macho akiyasoma.

Nimeandika mara nyingi katika safu hii, na wapo walionichoka kwa hilo, kwamba giza la ukumbini ni haki ya mtazamaji. Anayeketi hutazama wala hatazamwi. Katika giza lile anaweza kulia, kusinzia, kukataa, kucheka mahali pasipochekesha, wala hapana wa kumwandika. Ndiyo maana siwapendi waongozaji wanaowasha taa za ukumbini katikati ya mchezo wakidhani wanaiamsha hadhira, na ndiyo maana vile vile nimechoka na vitabu vinavyoueleza ukuu wote wa tamthilia ya Kicheki kwa ngazi na vioo vya Josef Svoboda, mbunifu wa mandhari ya jukwaa, kana kwamba chombo kikubwa cha jukwaa ni mashine. Chombo kikubwa cha jukwaa ni ruhusa: nani amepewa kumtazama nani. Siku ile ruhusa hiyo ilipinduliwa. Mchezo ulihamia vitini. Jukwaani palikuwa na msomaji na karatasi, jambo lisilohitaji kamera hata moja. Kilichohitaji kamera ni zile nyuso, na kwa ajili yake mkutano wote uliandaliwa, maana kila uso uliopigwa picha ulikuwa umekwisha kuhesabiwa kuwa umekubali.

Fikirini jambo hilo analichukuliaje mtu ambaye kazi yake ni kuigiza. Mwigizaji aliye jukwaani ana maneno ya kusema, ana mwendo, ana vazi. Akionekana, huonekana katika nafsi nyingine aliyoitunga yeye. Mwigizaji aliyeketishwa kitini na kumulikwa hana ngao. Akitabasamu, amekubali, akiinamisha kichwa, ameona haya lakini amekubali, akitazama mbele bila kupepesa, amekubali kwa taadhima. Hapana hata ishara moja iliyobaki ambayo ingeweza kuwa kukataa, ila kuinuka na kutoka. Mwongozaji anayewanyima watu wake kila ishara isipokuwa moja hajaongoza kitu. Amefunga mlango tu.

Na kamera ikamfikia Jan Werich. Hapo ndipo mimi husimamisha picha kila nizitazamapo, na sijapata kuzipita pale kwa moyo mtulivu. Yule ni mtu wa miaka sabini na kitu, mgonjwa wa koo, ambaye jina lake peke yake lilikuwa tamthilia nzima. Tangu mwisho wa miaka ya 1920 mpaka 1938, katika jumba la Osvobozené divadlo, yeye na Jiří Voskovec walikuwa wakitoka mbele ya pazia lililofungwa, nyuso zimepakwa rangi nyeupe, wakazungumza na ukumbi juu ya habari za siku ile: njaa, mawaziri, na Hitler aliyekuwa ng'ambo ya mpaka tu. Tamthilia yao *Kat a blázen* ya mwaka 1934 iliwaletea ghasia za wafuasi wa ufashisti ndani ya jumba, nao hawakunyamaza mpaka serikali ilipowanyang'anya idhini mwaka 1938, wakakimbilia Marekani. Ufundi wao ulikuwa huu: pazia nyuma, watu mbele, wala hapana kitu katikati isipokuwa akili. Mtu wa ufundi huo, baada ya miaka karibu arobaini, ameketi miongoni mwa waliokaa kimya, anapigwa picha, ilhali mwenziwe wa pazia yuko ng'ambo ya bahari. Mwandaaji alidhani amepata ithibati kubwa ya siku ile. Kwa jicho la jukwaa alijipatia ushahidi dhidi yake mwenyewe, kwa sababu aliyemjua Werich wa mbele ya pazia hawezi kuuona uso ule wa 1977 bila kuuliza sauti yake imekwenda wapi.

Kosa la pili lilizaliwa na la kwanza. Tamko lile lilijibu waraka ambao haukuruhusiwa kuchapishwa nchini. Tarehe 6 Januari waandishi Václav Havel na Ludvík Vaculík na mwigizaji Pavel Landovský walikamatwa njiani, ndani ya gari la Landovský, wakiwa na bahasha za kuupeleka Mkataba. Tarehe 12 *Rudé právo*, gazeti la chama tawala, likawaita waliotia sahihi watu walioshindwa na maisha. Na mpaka tarehe 28 wengi wa waliokuwa ukumbini hawakuwa wameuona hata ukurasa mmoja. Ni sawa na kumcheza Kreoni na kuyakata maneno yote ya Antigone. Mfalme atanguruma, lakini atanguruma juu ya nini? Hasira isiyo na mpinzani mwenye ulimi haina mwendo jukwaani. Hubaki ni sauti tu, na ndiyo sababu umahiri wa Švorcová haukumfaa kitu. Kisha zikaja sahihi, ambazo baadhi ya waliozitia walikuja kusema walidhani ni za mahudhurio, na majina zaidi ya 7,000 yakaanza kuchapwa gazetini siku baada ya siku.

Waliojua kazi hawakuwa mbali. Andrej Krob alikuwa ameiongoza *Žebrácká opera* ya Havel tarehe 1 Novemba 1975, mara moja tu, na waigizaji wa ridhaa, katika ukumbi wa mkahawa huko Horní Počernice, nayo ikatosha. Mwigizaji Vlasta Chramostová, aliyepata kucheza Vinohrady hapo zamani, kisha kwa mwongozaji Otomar Krejča katika Divadlo za branou mpaka lilipofungwa mwaka 1972, alikuwa akiigiza sebuleni kwake, wageni wameketi umbali wa mkono kutoka kwake, na mwaka 1978 akamcheza Lady Macbeth humo humo, Landovský akiwa Macbeth. Polisi waliwavizia wageni wale mlangoni, nje. Ndani walikuwa watazamaji tu.

Jumba la Taifa lilifungwa kwa matengenezo tarehe 1 Aprili 1977, likafunguliwa 18 Novemba 1983, na maandishi juu ya jukwaa yakabaki yalipokuwa.

Miaka sita kamili baada ya hapo, tarehe 18 Novemba 1989, kwa kuwa wanafunzi walikuwa wamepigwa na polisi jana yake, waigizaji wa Prague waligoma kucheza lakini hawakufunga milango. Watu wakaja usiku, wakaketi, wakaulizana na kujibizana na waliosimama jukwaani, na kesho yake Jukwaa la Raia, vuguvugu la upinzani, likaundwa katika Činoherní klub, jumba alilochezea Landovský kabla hajafukuzwa. Taa za ukumbini ziliwaka katika majumba hayo. Nami, nilivyo na yangu juu ya taa hizo, kwa usiku ule sina neno: walioketi walikuwa wakisema.