Asante ya Mpanda Farasi

Vita vya Kwanza vya Dunia vilipokwisha, Jeshi la Australia lilikuwa na farasi wa ziada wapatao 13,000 Mashariki ya Kati. Kiasi cha 11,000 waliuzwa, wengi wakipelekwa kutumikia Jeshi la Uingereza nchini India. Wengine 2,000 hivi waliondolewa kwa uzee au udhaifu. Hakuna aliyerudi kwao. Sababu iliyobaki midomoni mwa watu hadi leo ni karantini: farasi hao wangeingiza maradhi Australia. Uamuzi huo ulikuwa mbovu, na ubovu wenyewe unaanzia kwenye jina lililotumika kuuhalalisha. Hesabu ya meli na fedha ilivishwa koti jeupe la daktari wa mifugo.

Daktari huyo alitoka mahali panapojulikana. Mwaka 1888 William Kendall alifungua chuo cha tiba ya mifugo katika kitongoji cha Fitzroy, Melbourne, na miaka ishirini baadaye kazi hiyo ikahamia Chuo Kikuu cha Melbourne. Mwaka 1908 chuo kikuu hicho kiliingiza timu yake, University, katika ligi ya kandanda ya Kiaustralia ya jimbo la Victoria. Wapenzi wa ligi hiyo wanaikumbuka kwa jambo moja tu: vipigo 51 mfululizo na kujitoa baada ya msimu wa 1914. Takwimu hiyo imerudiwa mno, na kila mara bila muktadha wake. Kuanzia mwaka 1911 ligi iliruhusu wachezaji kulipwa. University ilibaki timu ya ridhaa, ikichezesha wanafunzi na wahitimu waliotoka maabara Jumamosi mchana kwenda kuruka na kudaka mpira mbele ya watu wenye mishahara. Timu ya namna hiyo kushindwa si ajabu. Ajabu ni kwamba wachezaji wake wanahesabiwa kwa jedwali la msimamo, wakati Rupert Balfe, mwanafunzi wa udaktari, aliuawa Gallipoli, Uturuki, siku ya kwanza ya majeshi kutua, tarehe 25 Aprili 1915, na Cyril Seelenmeyer, daktari wa mifugo aliyevaa jezi hiyo hiyo, alifia Ufaransa mwaka 1918 akiwa ofisa wa kikosi cha tiba ya mifugo.

Kazi ya kikosi hicho ilipangwa kwa ngazi tatu. Ofisa mmoja mmoja alikaa na brigedi, akikagua kwato, migongo iliyochubuliwa na tandiko, na makamasi. Nyuma yake kilifuata kikosi cha tiba kinachohama, kilichokusanya majeruhi na wagonjwa. Mwisho kulikuwa na hospitali kubwa, ambako farasi aliyepona alirudishwa kazini. Mgala muue na haki umpe: mpango huo ulifanya kazi.

Jangwa la Sinai lilikuwa mtihani wake mgumu zaidi. Farasi anayelishwa chini kwenye mchanga humeza mchanga pamoja na shayiri, nao hutulia tumboni hadi ukaleta msokoto unaoweza kuua. Ndiyo maana chakula kiliwekwa kwenye mfuko uliofungwa mdomoni. Matokeo ya uangalizi huo yalionekana Beersheba, Palestina, tarehe 31 Oktoba 1917, wakati wapanda farasi wapatao 800 wa rejimenti za 4 na 12 za Light Horse, kikosi cha wapanda farasi cha Australia, walipovuka mahandaki na kuuteka mji wenye visima. Baadhi ya wanyama hao hawakuwa wamenywa maji kwa karibu siku mbili.

Mwaka mmoja baadaye, farasi wa vikosi hivyo hivyo walipangwa mistari ili wagawanywe kwa madaraja. Wazima walirudishwa kwenye bohari za farasi, wapewe vikosi vingine au wauzwe. Wale waliovuka miaka 12 hivi, pamoja na vilema na wagonjwa, waliwekwa kwenye daraja la kuuawa. Kabla ya risasi, manyoya ya shingo na ya mkia yalikatwa na viatu vya chuma viling'olewa kwatoni, kwa kuwa manyoya na chuma vilikuwa na bei. Hadithi ya kila askari kumpiga risasi farasi wake kwa huruma imepambwa kuliko ilivyotokea. Kwa kawaida kazi hiyo ilifanywa kwa amri na kwa utaratibu, na orodha ziliandikwa.

Kipimo kilichotumika kwenye mstari huo kinastahili kuangaliwa kwa karibu. Pale ambapo hakuna karatasi za kuaminika, umri wa farasi husomwa kwenye meno ya mbele. Hadi kufikia miaka minane hivi, kazi hiyo ni rahisi: meno ya utoto yameng'oka kwa mpangilio unaojulikana, na vishimo vilivyo juu ya meno ya ukubwani hufutika kimoja kimoja. Baada ya hapo daktari huingia kwenye makadirio. Kwenye jino la pembeni la taya la juu huchomoza mfereji mwembamba karibu na fizi, farasi anapokaribia miaka 10, na hufika katikati ya jino akiwa na miaka 15 hivi. Mstari wa miaka 12 basi ulichorwa mahali ambapo meno hayasemi kwa sauti. Isitoshe, mnyama aliyetafuna chakula chenye mchanga kwa miaka miwili husagika meno mapema. Farasi wa miaka 10 aliyetumika Sinai angeweza kuonekana mzee kuliko wa miaka 13 aliyekula nyasi za Victoria. Kwa maneno mengine, utumishi wenyewe ulihesabiwa kuwa uzee.

Hoja ya maradhi ni nzito zaidi, nayo haifai kudharauliwa. Afrika Mashariki haihitaji kufundishwa thamani ya karantini: sotoka ya miaka ya 1890 ilisafisha mazizi ya wafugaji na kuacha njaa nyuma yake. Australia, kisiwa kikubwa kisicho na mengi ya maradhi hayo, ilikuwa na haki ya kuogopa. Hofu kubwa ilikuwa glanda, ugonjwa unaoleta usaha puani na vidonda vya ngozi kwa farasi na unaoweza kumwambukiza binadamu. Nyingine ilikuwa surra, vimelea vya damu vinavyoenezwa na inzi wanaouma na vilivyozoeleka miongoni mwa ngamia.

Lakini maradhi hayo hayakuwa mageni kwa madaktari waliokuwa kambini. Glanda ilipimwa kwa maleini: tone dogo lilidungwa kwenye ukope wa chini, na ndani ya siku moja au mbili jicho la mgonjwa lilivimba na kutoa uchafu, wakati jicho la mzima lilibaki kama lilivyokuwa. Kipimo hicho kilikuwa kazi ya kila siku jeshini, na ndicho kilichosaidia kuzuia glanda isiyamalize majeshi. Surra huonekana kwenye hadubini, na farasi aliyeipata hadumu muda mrefu bila kuonyesha homa na kukonda. Yote mawili yanataka muda wa uangalizi, na muda ulikuwapo. Waturuki walisalimu amri tarehe 30 Oktoba 1918, lakini vikosi kadhaa vya Light Horse vilikuwa bado Misri katikati ya mwaka 1919, vikitumika kuzima maasi ya wananchi waliotaka uhuru wao.

Ushahidi kwamba njia ilikuwapo ni farasi mmoja aitwaye Sandy. Alikuwa wa Meja Jenerali William Bridges, aliyejeruhiwa Gallipoli na kufa Mei 1915. Farasi wapatao 6,100 walipakiwa kwa ajili ya Gallipoli, lakini wengi hawakushushwa kwa kukosa nafasi. Sandy alirudishwa Misri chini ya uangalizi wa Kapteni Leslie Whitfield wa kikosi cha tiba ya mifugo, kisha akaenda naye Ufaransa mwaka 1916. Oktoba 1917 Waziri wa Ulinzi, George Pearce, aliomba Sandy arudishwe nyumbani. Mei 1918 alitolewa hospitali ya mifugo ya Waaustralia huko Calais, akapelekwa Swaythling, Uingereza, akachunguzwa kwa miezi mitatu na kutangazwa hana ugonjwa. Septemba alipakiwa kwenye meli ya Booral huko Liverpool, na Novemba alikuwa Melbourne.

Miezi mitatu ya uangalizi, cheti cha daktari, safari ya meli: huo ndio utaratibu mzima. Kati ya farasi zaidi ya 120,000 waliotoka Australia kwenda vitani, Sandy peke yake ndiye aliyerudi, na aliutimiza kwa sababu mwenye farasi alikuwa jenerali na mwombaji alikuwa waziri. Karantini iliyompitisha Sandy haikuwa ukuta. Ilikuwa mlango wenye masharti, na masharti hayo yalifanyiwa kazi mara moja tu.

Kilichobaki ni meli na fedha, na hapo hoja ya wakuu ina nguvu yake ya kweli. Askari wenyewe walisubiri meli kwa miezi. Farasi anahitaji kizimba, maji na lishe kwa wiki nyingi baharini, na Australia ya mwaka 1918 ilikuwa na farasi wapatao milioni 2.5, haikuwa na uhaba. Kuwarudisha wote 13,000 kungekuwa anasa, na hakuna mchambuzi makini anayedai hivyo. Kuchagua mia chache waliopimwa na kutunzwa, kwa kura au kwa utumishi, lilikuwa jambo linalowezekana, na kutofanya hata hilo kulipaswa kuelezwa kwa jina lake: gharama. Kwenye kandanda, daktari wa timu humtoa mchezaji kwa sababu ya goti, na mhazini humtoa kwa sababu ya mshahara. Klabu inayojiheshimu haimtumi daktari kupeleka ujumbe wa mhazini.

Dharau kwa madaktari wa mifugo ilikuwa na historia ndefu, na mfano wake mbaya zaidi uko Afrika Mashariki. Daktari wa jeshi David Bruce alikuwa ameshaonyesha katika miaka ya 1890, huko Zululand, kwamba nagana, ugonjwa wa mifugo, inaletwa na vimelea vinavyobebwa na mbung'o. Elimu hiyo ilikuwa na umri wa miaka ishirini wakati Jenerali Smuts wa Jeshi la Uingereza aliposukuma wapanda farasi wake ndani ya Afrika Mashariki ya Kijerumani mwaka 1916. Kamanda wake, Van Deventer, alifika Kondoa Irangi mwezi Aprili mwaka huo, na maelfu ya farasi na nyumbu wa kampeni hiyo waliangamia kwa mbung'o na maradhi mengine. Bruce alifanya kazi yake kwa hadubini na mbwa wachache wa majaribio, na alisema ukweli usiofurahisha. Majenerali waliokuja baadaye walikuwa na hospitali, maabara na maofisa wenye shahada, wakashindwa kumsikiliza daktari pale alipokataza. Huko Palestina wakuu walikwenda mbali zaidi, wakamnukuu daktari pale alipokuwa na njia ya kuruhusu.

Walionunuliwa hawakupata mwisho mwema wote. Mwaka 1930 Dorothy Brooke alifika Cairo na kukuta farasi wa zamani wa jeshi, wenye alama za moto za serikali, wakivuta mikokoteni wakiwa wamechoka na wengine vipofu. Alikusanya michango, akanunua wapatao 5,000 katika miaka michache, na mwaka 1934 akafungua hospitali ya wanyama mjini humo. Wengi walikuwa katika hali ambayo jambo la huruma lililobaki lilikuwa kuwalaza milele.

Waswahili husema asante ya punda ni mateke. Mwaka 1919 aliyepiga teke ni mpanda, na lawama akamwachia daktari. Sandy aliishi kwenye malisho ya jeshi huko Maribyrnong hadi Mei 1923, alipodungwa sindano ya mwisho kwa upofu na udhaifu. Katika miaka hiyo minne na nusu hakuambukiza Australia ugonjwa wowote.