Pumzi: Filamu Fupi Isiyokubali Kuzeeka

Mara ya kwanza kuitazama Pumzi, kazi ya Wanuri Kahiu wa Kenya, niliiona nzuri, basi. Ni filamu ya 2009, dakika kama 20 hivi. Ilipooneshwa kwenye tamasha la Sundance mwaka 2010 tulifurahi kwamba na sisi tunaweza hadithi za kisayansi. Kisha nikaisahau. Juzi nimeitazama tena nyumbani hapa Miembeni, Bukoba, mvua ikipiga bati. Aisee, safari hii imenikaba.

Ni miaka 35 baada ya Vita Kuu ya Tatu, vita vya maji. Nje hakuna kinachoota. Watu wanaishi ndani ya jumba la Maitu. Jasho na mkojo husafishwa, vikanywewa tena. Umeme unatokana na nguvu za miili ya watu kwenye mashine. Asha, mtunza makumbusho, anapokea kifurushi cha udongo, anaunusa, anaota mti. Anaamriwa ameze dawa ya kuzuia ndoto.

Zamani nilidhani giza la filamu hii ni ukame. Ndiyo maana ilinipita: sisi wa Kagera mvua tunayo, ziwa tunaliona kila siku. Sasa naona giza lenyewe ni kile kidonge. Watu wale wana maji yao ya kipimo, wana kazi, wameambiwa nje kumekufa, wakaridhika. Hata midomo hawafungui. Kompyuta ndiyo inawasemea. Mambo hayo yanaweza kutokea hata pembeni ya ziwa.

Dosari zipo. Wakubwa wa Maitu ni kama vivuli. Hatujui wanaogopa nini hasa. Lakini yule mwanamke msafisha choo anayemsaidia Asha kutoroka, bila hotuba yoyote, anatosha kutuonesha kwamba kuna wengine waliokuwa wakiota kimyakimya.

Nilitazama na mpwa wangu wa darasa la tano. Asha alipomimina maji yake ya mwisho kwenye mche, dogo akauliza, "Mjomba, mbona hanywi yeye?" Sikuwa na jibu. Mti ulipokua pale alipolala Asha, dogo akanyamaza.

Itafuteni, ni dakika 20 tu. Na mwenye jibu la dogo anisaidie, maana kesho yake asubuhi, kabla ya chai, kaniuliza tena.